Nilinunua kwanza, nikasoma baadaye: miaka minane na katuni za zamani za Meksiko

Jumapili ya kwanza niliyokwenda gulio la La Lagunilla, Jiji la Meksiko, nilirudi nyumbani kwa miguu. Nauli ya metro ilikuwa imeishia kwenye katuni. Kwapani nilibana matoleo kumi na manne ya Memín Pinguín yaliyofungwa kwa kamba ya katani, na muuzaji alikuwa ameniapia kwamba ni ya mwaka 1963. Nilimpa peso 900, kama laki moja ya kwetu Tanzania kwa wakati ule. Ilikuwa Oktoba 2015. Nilikuwa na miezi miwili nchini, na Kihispania changu kilikuwa cha kuombea maji.

Matoleo yale hayakuwa ya 1963. Yalikuwa ya mwishoni mwa miaka ya themanini, na ushahidi ulikuwa juu ya jalada lenyewe, umechapwa kwa herufi zinazosomeka hata na mtoto. Sikuutazama. Nilikuwa nimeangalia rangi ya karatasi iliyogeuka kahawia, nikanusa, nikaona vumbi, nikasema hiki ni cha kale.

Naandika haya kwa sababu ndugu wawili watatu wa nyumbani wanaosoma huku wameniuliza namna ya kuanza kukusanya, na kila mara najikuta nawaeleza makosa yangu kabla ya jambo lingine lolote. Ni heri yakae mahali pamoja.

Nilikuja kwa ufadhili wa masomo, na mwaka wa kwanza ulikuwa wa lugha tu, hapo UNAM, chuo kikuu cha taifa. Mwalimu wetu alituambia tuache vitabu vya sarufi siku za mapumziko, tukanunue katuni, hasa La Familia Burrón, kwa sababu humo ndimo Kihispania cha mtaani kinamoishi. Nikanunua moja kwenye duka la vitabu vya mitumba mtaa wa Donceles. Usiku ule nilisoma kurasa sita kwa saa tatu, kamusi pembeni, na nikacheka mara mbili. Sikuwa nimecheka tangu nitoke Tanga.

Burrón ni familia ya kinyozi. Baba, Don Regino, ana saluni ndogo iitwayo El Rizo de Oro, mtu mpole anayehesabu kila senti. Mama, Doña Borola Tacuche, mrefu, mwembamba, hatulii: leo kaanzisha biashara, kesho kaitisha majirani wote wapigane na bei za sokoni. Wanaishi kwenye uwanja mmoja na wapangaji wengine chungu nzima, bomba la maji la pamoja, ugomvi wa pamoja, sherehe ya pamoja. Aliyekulia nyumba ya kupanga Ngamiani au Kariakoo hahitaji kuelezwa. Mchoraji wake, Gabriel Vargas, alizaliwa Tulancingo, jimbo la Hidalgo, mwaka 1915, na familia hiyo aliianzisha mwaka 1948. Ilidumu, ikikatika na kurudi, mpaka 2009. Yeye alifariki mwaka uliofuata.

Hapo ningetulia. Ningesoma Burrón mwaka mzima, ningejua ninachokipenda, kisha ningekwenda gulioni. Badala yake nikashikwa na homa ya kumiliki.

Ili ueleweke ukubwa wa jambo hili, lazima urudi nyuma hadi miaka ya thelathini. Mwaka 1934 lilitoka gazeti la katuni liitwalo Paquín, kisha yakafuata mengine, na mwaka 1936 likaja Pepín, ambalo halikuchelewa kuwa la kila siku. Fikiria hilo: kitabu kidogo cha hadithi za picha, kilichopigwa chapa kwa wino wa kahawia, kinatoka kila siku ya Mungu. Jina lake likageuka jina la kitu chenyewe, watu wakaita katuni zote pepines. Serikali ilikuwa na kampuni yake ya karatasi, PIPSA, iliyoanzishwa 1935, karatasi ikawa rahisi, na wananchi wengi ndiyo kwanza walikuwa wanajifunza kusoma. Aliyejua kusoma alimsomea asiyejua. Mitaani palikuwa na vibanda vya kukodisha: unalipa sarafu, unaketi kwenye benchi, unasoma, unarudisha. Kwetu tulikuwa na vibanda umiza vya video. Wao walikuwa na vya karatasi.

Kwa hiyo hizi zilikuwa karatasi za kusomwa na kutupwa. Zilifungiwa karanga, ziliwashia moto, zilitandikwa chini ya godoro. Ndiyo maana zilizobaki ni chache kuliko mtu anavyodhani kwa kuangalia wingi wa zilizochapwa, na ndiyo maana zilizobaki zinauzwa na watu wanaojua thamani yake kuliko wewe.

Sasa makosa, nikianza na lile la bei ya jaladani. Katuni ya miaka ya sitini iliuzwa kwa sentavo kadhaa au peso moja mbili. Miaka ya themanini mfumuko wa bei uliikamata Meksiko vibaya, na katuni ileile ikawa peso mia kadhaa, baadaye hata elfu. Tarehe 1 Januari 1993 waliondoa sifuri tatu: peso 1,000 za zamani zikawa peso mpya moja, na kwa muda bei zikaandikwa N$. Ukiijua historia hiyo fupi tu, unaweza kukisia umri wa katuni yoyote kwa kutupia jicho moja. Memín wangu kumi na wanne walikuwa na bei ya peso mia kadhaa kila mmoja. Memín amepigwa chapa upya mara nyingi mno, hadithi zilezile, na muuzaji si lazima awe mwongo: huenda naye aliambiwa hivyo.

Mtego wa pili uko ukurasa wa ndani, penye maandishi madogo. Utaona tarehe ya kusajiliwa posta kama chapisho la daraja la pili. Nilidanganyika na tarehe hiyo kwa karibu mwaka mmoja. Ni tarehe ya jina la gazeti kusajiliwa, si ya toleo ulilolishika, na inaweza kurudiwa vilevile kwa miaka ishirini. Tafuta tarehe ya toleo lenyewe, na kama haipo, rudi kwenye bei.

Na lugha ya kuulizia. Ukiuliza komiki utapelekwa kwa Batman. Uliza cuentos, ndivyo wazee wanavyoziita, na sema viejitos, za zamani. Wauzaji wa La Lagunilla wataniita güerita, yaani mweupe mdogo, mimi niliye mweusi tii. Ni adabu ya soko tu, kama kwetu kila mteja anavyoitwa bosi. Mwanzoni niliudhika. Sasa nisipoitwa hivyo najiuliza nimekosa nini.

Kosa kubwa zaidi nililifanya mwaka 2016, na hili bado linaniuma kulisema. Kulikuwa na shujaa mmoja, Kalimán, aliyeanza kama mchezo wa redio mwaka 1963 na kuingia katuni mwaka 1965. Anavaa nguo nyeupe na kilemba chenye kito, anasafiri na kijana aitwaye Solín, hapigani kwa bunduki bali kwa akili. Katuni yake ilitoka kila wiki hadi 1991, matoleo 1,351. Nilimsikia kwa mara ya kwanza kutoka kwa mzee mmoja wa duka la mitumba, ambaye kila nilipombembeleza kuhusu bei alinijibu kwa maneno ya Kalimán: utulivu na subira, subira nyingi. Nikavutiwa na hesabu ile. Matoleo 1,351! Nikasema nitayakusanya yote.

Mtu mmoja mtandaoni akatangaza matoleo 300 ya kwanza, yote kamili, kwa peso 9,000, nusu itangulie. Nikatanguliza 4,500. Hela hiyo ilikuwa imetengwa kwa ada ya mdogo wangu aliyekuwa kidato cha tano. Nilimwandikia nikamwambia ufadhili umechelewa. Haukuwa umechelewa.

Boksi lilifika baada ya wiki tano. Ndani mlikuwa na matoleo 212. Mengine yalijirudia mara mbili, mara tatu. Kama sitini hivi yalikuwa yamechapwa Kolombia, maana Kalimán aliuzwa huko pia, na bei ya jaladani ni ya huko. Si bandia, ni halali kabisa, lakini si nilichonunua. Nilipomwandikia muuzaji alijibu mara moja, kisha akanifungia. Nilikaa sakafuni katikati ya makaratasi yale nikalia, na sikulilia katuni. Mdogo wangu alikosa wiki tatu za shule hadi nilipokopa kwa rafiki.

Yako mambo ningefanya leo. Ningeomba picha ya kila jalada na ya kila ukurasa wa ndani wenye maandishi ya mchapishaji, si picha ya rundo. Ningeomba kuonana naye mahali pa wazi. Katika jiji hili watu wengi hupeana mizigo ndani ya kituo cha metro, kila mtu akiwa upande wake wa geti, na hakuna anayekuona wa ajabu. Nisingetanguliza hata peso. Na zaidi ya yote, ningejiuliza swali ambalo sikulijiuliza: nimesoma Kalimán mangapi? Jibu lilikuwa matatu. Nilikuwa natafuta 1,351 ya kitu nilichosoma mara tatu.

Nilipoanza kuyasoma yale 212, mwaka huohuo, kwa sababu sikuwa na hela ya kufanya lingine, niligundua hadithi moja huchukua wiki nyingi kumalizika. Ukikosa matoleo mawili katikati umepoteza uzi wote. Mkusanyaji anayesoma hununua hadithi nzima, hata kama ni toleo la nambari kubwa lisilo na bei kubwa. Ni rahisi zaidi na inaridhisha zaidi. Tangu hapo ndivyo ninavyonunua.

Vivyo hivyo kwa Rius. Jina lake halisi Eduardo del Río, mtu wa Zamora, Michoacán, aliyechora siasa kwa namna ambayo mkulima na profesa wangeweza kucheka pamoja. Los Supermachos yake ya miaka ya sitini ilipendwa mno, lakini baada ya matoleo 100 ya kwanza alinyang'anywa, na wengine wakaendelea kuchora wahusika wake bila yeye. Yeye akaanzisha Los Agachados mwaka 1968. Msomaji ataona tofauti baada ya kurasa mbili: baada ya toleo la 100 ule moto umezimika. Anayenunua kwa jina la jaladani hataiona, na muuzaji hatamwambia.

Kuna eneo moja nakushauri ulipite tu, labda uwe na fedha za kuchezea. Miaka ya sabini, shirika la La Prensa lilikuwa linatoa Spider-Man kwa Kihispania. Kule Marekani Gwen Stacy, mchumba wake, aliuawa mwaka 1973. Meksiko hawakukubali auawe: mchoraji José Luis González Durán akaendelea kutengeneza hadithi mpya kabisa ambamo Gwen yu hai. Ni jambo zuri sana, napenda kulifikiria. Lakini wakusanyaji wa Marekani wanazijua, na bei zake si za mwanafunzi.

Fantomas je? Huyu alikuwa mwizi mwungwana, kwa jina la utani kitisho maridadi, anaiba kazi za sanaa na kuzungukwa na waandishi mashuhuri kama rafiki zake. Toleo moja la mwaka 1975, lililosimulia uharibifu wa maktaba za dunia, lilimweka ndani mwandishi Julio Cortázar kama mhusika. Cortázar akalichukua akaandika kitabu chake juu yake mwaka uleule. Nililitafuta toleo hilo miaka mitatu, nikalipata kwenye rundo la magazeti ya mapishi kwa peso 40, kwa sababu jalada lilikuwa limechanika. Lile la jalada zima lingekuwa bei ya friji.

Julai 2017 mvua iliniadhibu. Nilikuwa nimepanga chumba cha juu ya paa, vile vyumba vidogo walivyokuwa wakilala watumishi wa nyumbani, na katuni zangu zilikaa kwenye maboksi ya karatasi, sakafuni. Msimu wa mvua hapa ni Mei hadi Oktoba, na inanyesha jioni jioni kama imepangiwa zamu. Siku hiyo bomba la kutolea maji ya paani liliziba majani. Nilipotoka maktaba usiku maji yalikuwa vidole vinne. Nilipoteza matoleo 83, na mengi kati ya niliyoyaokoa nikayaharibu mwenyewe kwa kuyaanika juani: karatasi ya magazeti ina tindikali, jua huimalizia kuwa kama jani kavu la mgomba. Tena mengine nilikuwa nimeyabandika selotepu miezi iliyotangulia ili kuyatengeneza. Gundi yake ilikuwa imenywea ndani, doa la rangi ya chai, haliondoki.

Karatasi ikilowa, iweke kwenye kivuli penye upepo, weka karatasi za kunyonya maji katikati ya kurasa, badilisha kila baada ya saa chache. Usifungue kurasa zilizogandana kwa nguvu. Pini zikishika kutu zitoe taratibu kwa kuzinyoosha upande wa ndani kwanza, kwa sababu kutu hula karatasi hata baada ya kukauka. Mpasuko utengenezwe kwa karatasi nyembamba ya Kijapani na uji wa wanga wa ngano. Hifadhi kwenye mifuko ya polipropilini au poliesta, kamwe si ile plastiki laini inayonuka kama viatu vipya, na nyuma yake uweke kadi isiyo na tindikali. Usipake plastiki ya moto kama kitambulisho, nimeiona kwa macho yangu ikifanyiwa Pepín ya miaka ya arobaini na nikashindwa kusema neno.

Na funga rafu ukutani. Tarehe 19 Septemba 2017 tetemeko lilipopiga, miaka 32 kamili tangu lile la 1985, rafu yangu mpya ya chuma ilianguka kitandani. Sikuwa kitandani. Watu wa jiji hili walipoteza mengi mno siku ile, na sitaki kusema zaidi kuhusu rafu.

Nimechelewa kumfikia Memín, na nimechelewa kwa makusudi.

Memín Pinguín ni mtoto mweusi. Aliandikwa na Yolanda Vargas Dulché miaka ya arobaini, mwandishi ambaye hadithi zake nyingine, Rubí, Yesenia, María Isabel, ziligeuka tamthilia za televisheni. Mchoro unaojulikana zaidi ni wa Sixto Valencia. Memín ana midomo mikubwa iliyochukua nusu ya uso, macho ya duara, masikio kama vipini vya sufuria. Mama yake, Eufrosina, ni dobi mnene mwenye kitambaa kichwani. Rafiki zake watatu, wote weupe au weupe kiasi, wamechorwa kama watu. Yeye na mama yake hawakuchorwa hivyo.

Nilipowanunua wale kumi na wanne sikuwa nimefungua hata mmoja. Nilivutwa na sura ya mtoto mweusi kwenye meza iliyojaa wazungu wenye misuli. Niliwafungua nyumbani, chini ya taa, na nilihisi joto linapanda shingoni. Wiki chache baadaye, kwenye metro, mtoto wa kama miaka saba alininyooshea kidole akamwambia bibi yake, "Mira, Memín." Bibi alicheka kwa upole, bila ubaya wowote, akaniambia nisijali, Memín tunampenda sana. Nilishuka kituo ambacho si changu.

Mwaka 2005 posta ya Meksiko ilitoa stempu tano za Memín, na Wamarekani weusi, Jesse Jackson miongoni mwao, wakapiga kelele. Rais Vicente Fox aliitetea, na watu wengi hapa wakasema wageni hawaelewi, Memín ni mtoto mwema. Nimesikia hoja hiyo labda mara mia, sokoni, darasani, kwenye chakula cha jioni. Kwa muda mrefu nilikuwa na njia mbili tu: kunyamaza au kugomba. Nikawafungia wale kumi na wanne kabatini.

Kisha nikawasoma. Ilinichukua miaka miwili kujipa moyo. Memín kweli ni mtoto mwema, mvivu shuleni, mwongo wa uongo mdogo, anayempenda mama yake kupita kiasi. Eufrosina anafua nguo za watu hadi mikono inachubuka ili mwanawe asome. Kuna kisa wanakwenda Texas, na Memín ananyimwa kinywaji dukani kwa rangi yake, na rafiki zake wanapigana kwa ajili yake. Nililia kwenye kisa hicho. Nililia pia nikiwa nimekasirika, kwa sababu mkono ulioandika kwamba ubaguzi wa Texas ni dhambi ulikuwa umeshikana na mkono uliochora midomo ile. Mambo yote mawili yamo ukurasa mmoja, na sikubali kuambiwa nichague moja.

Mwaka 2018 nilikwenda Cuajinicuilapa, Guerrero, kwenye ile pwani inayoitwa Costa Chica, ambako Waafrika waliletwa utumwani enzi za Wahispania na vizazi vyao wapo hadi leo. Kuna jumba dogo la makumbusho ya tamaduni za watu hao. Nilikula samaki kwa mama mmoja kibandani, mweusi kama mimi, na nikamwuliza kama alisoma Memín. Akasema walisoma wote, kitabu kimoja kilizunguka mtaa mzima. Halafu, huku akigeuza samaki, akasema shuleni jina lake halikuwa jina lake. Aliitwa Memín mpaka alipoacha shule. Hakuongeza neno. Mwaka uliofuata katiba ya Meksiko iliwatambua rasmi watu wa asili ya Afrika, na sensa ya 2020 ikahesabu zaidi ya milioni 2.5 waliojitaja hivyo. Kila ninapoambiwa Memín tunampenda, namkumbuka yule mama na samaki wake.

Sijawauza wale kumi na wanne. Muuzaji mmoja alinishauri niwauze Marekani, ambako wanauzika kwa sababu ya ule mzozo. Nilikataa. Wako kwenye boksi lao, na nimeandika karatasi nikaiweka juu: wapi niliwanunua, kwa bei gani ya kudanganywa, na maneno ya yule mama, bila jina lake. Kama wewe ni mweusi na unaanza kukusanya katuni za huku, utakutana naye Jumapili yako ya kwanza. Msome kabla hujaamua, na usikubali mtu yeyote aharakishe uamuzi wako, awe wa Meksiko au wa kwetu.

Kitu kilichonitoa kwenye homa ya kumiliki ni Hemeroteca Nacional, jengo lililo ndani ya UNAM penye magazeti ya nchi nzima. Kusoma ni bure. Unajaza fomu, unaletewa, unasoma kwa mikono safi. Pepín nilizokuwa nikizililia gulioni nilizisoma pale bila kutoa peso. Ukikaa siku nzima na miezi mitatu mfululizo ya Pepín, ndipo unapoelewa kwamba wasomaji walikuwa wakingoja kesho kama sisi tulivyongoja sehemu inayofuata ya mchezo wa redio. Nenda pale kwanza. Nenda pia Museo del Estanquillo, jumba la makumbusho katikati ya jiji, penye makusanyo ya mwandishi Carlos Monsiváis, na lile jumba la makumbusho ya katuni mtaa wa Donceles. Watu wengi wa jiji wamepita milangoni humo mara elfu bila kuingia.

Baada ya hapo hata nilichokinunua kikabadilika. Zamani nilikataa katuni zilizotoka vibanda vya kukodisha: mgongo umeshonwa kwa uzi, jalada limeongezewa karatasi ya kaki, muhuri wa kibanda, kona zimelainika kwa mate ya vidole. Nilitaka safi. Sasa hizo ndizo nazitafuta, na ni nafuu kwa sababu wengine bado wanataka safi. Ninayo Burrón moja ambayo msomaji amejaza kwa penseli bei za mahindi na maharage pembeni mwa ukurasa ambao Borola anagombana na muuza duka.

Desemba 2022 nilirudi Tanga. Baba, Mungu amrehemu, alikuwa dereva wa lori, na kila safari ya Dar alikuwa akituletea Sani, jarida letu la katuni. Nilijifunza kusoma kwa wahusika wake, Kipepe na Madenge, kabla sijaingia darasa la kwanza. Nikamwuliza mama zile Sani ziko wapi.

"Tuliwashia jiko, mwanangu," akasema. "Nyingine alichukua muuza karanga. Ulitaka tuziweke za nini?"

Sikuwa na la kumjibu. Nilikuwa nimemaliza miaka saba nikitafuta makaratasi ya watu wengine na sikuwahi hata siku moja kupiga simu kuuliza ya kwetu. Mdogo wangu, yule wa ada, ambaye sasa ni mwalimu, alipekua sanduku la bati lililokuwa chini ya kitanda cha baba na akatoka na mbili. Hazina majalada. Kwenye moja, pembeni, kwa mwandiko wa baba, kuna hesabu ya lita za dizeli Tanga hadi Chalinze.

Nilizibeba mkononi kwenye ndege. Joto la Tanga si la kawaida kwa karatasi, na zilikuwa zinanuka ukungu, kwa hiyo sikuzichanganya na nyingine. Niliziacha wiki tatu peke yake kwenye boksi lenye vipakiti vya kukausha unyevu, nikibadilisha vipakiti kila Jumamosi. Pini za moja zilikuwa kutu tupu. Nilizitoa na kuishona kwa uzi wa pamba, kama walivyofanya wa vibandani. Ile yenye mwandiko wa baba sijaigusa.